Hasheem Thabeet: Mtoto wa Dar es Salaam Aliyecheza Ugenini

Jina la Hasheem Thabeet likitajwa katika nyumba zetu za hapa Harrow, mazungumzo hugawanyika pande mbili. Vijana husema ni yule aliyeshindwa. Wazee hujibu kwamba ni mwenzetu wa kwanza kufika kule. Tumeonelea yafaa habari zake ziandikwe humu, ili watoto wetu wapime wenyewe.

Alizaliwa Dar es Salaam tarehe 16 Februari, 1987. Mpira wa kikapu alianza kuucheza akiwa na umri wa miaka kama 15, na huko Marekani mtoto wa umri huo huwa ameuzoea tangu utotoni. Alimalizia masomo ya sekondari Houston, Texas, na mwaka 2006 akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut, chini ya mwalimu Jim Calhoun.

Chuoni ndiko nyota yake ilikong'ara. Alikuwa na urefu wa futi 7 na inchi 3, na kazi yake kubwa ilikuwa kulinda kikapu. Tarehe 31 Januari, 2009, timu yake ilipocheza na Providence, alipata pointi 15, akadaka mipira 11 iliyokosa kikapu, na kuzuia mitupo 10. Msimu huo Connecticut iliingia nne bora ya vyuo vya Marekani.

Mwezi Juni mwaka huo, timu ya Memphis Grizzlies ilimchagua akiwa wa pili kati ya wachezaji wote wapya. Aliyemtangulia ni Blake Griffin. James Harden alikuwa wa tatu, na Stephen Curry wa saba. Hivyo Thabeet akawa Mtanzania wa kwanza katika ligi ya NBA.

Mambo hayakuwa mepesi. Chuoni urefu ulimtosha, lakini huku alikutana na watu warefu, wenye nguvu na uzoefu wa miaka mingi. Februari 2010 alipelekwa kwa muda Dakota Wizards, timu ya ligi ya chini; kabla yake hapakuwa na mchezaji aliyechaguliwa nafasi ya juu namna ile aliyepelekwa huko. Baadaye alichezea Houston, Portland na Oklahoma City. Kufikia 2014 alikuwa amecheza michezo 224 ya NBA, kwa wastani wa pointi 2.2.

Hata hivyo hakuuacha mpira. Mwaka 2017 alikwenda kucheza Yokohama, Japani, na mwaka 2020 Taiwani.

Vijana wetu wakumbuke kwamba ile nafasi ya pili hakujipa mwenyewe. Alipewa na wengine, kisha akahukumiwa kwayo. Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa. Huyu alicheza ugenini, mchezo aliouanza kwa kuchelewa, na michezo 224 haichezwi kwa bahati. Sisi tuliohamia huku tukiwa watu wazima tunajua uzito wa jambo hilo.