Maketing: mambo ine ya kuangalia mbele ya kuuzisha

Maketing ni kazi ya kujua kiliya anahitaji nini na kumletea kwa namna inayobakiza faida. Wengi wanaichanganya na matangazo, lakini matangazo ni sehemu moja tu. Mwaka 1960, mwalimu Mmarekani E. Jerome McCarthy aliipanga katika mambo ine. Philip Kotler akayaeneza kupitia kitabu chake cha 1967, na wanafunzi wa biashara wanaanzia hapo hadi leo.

Tuchukue fromaji ya Masisi inayouzishwa Goma.

Bidhaa: iwe safi, imekauka vizuri, na kilo iwe kilo kweli.

Bei: muuzishaji ahesabu pesa alizonunulia, usafiri, taksi za njiani, zile zinazoharibika na kupanda kwa dola. Akifuata tu bei ya jirani, anaweza kumaliza mzigo wote na bado mtaji umepungua.

Mahali: sokoni, dukani ao nyumba kwa nyumba? Barabara ikifungwa, nani ana akiba?

Kutangaza: kuonjesha watu, redio, WhatsApp. Tangazo linamleta kiliya mara ya kwanza. Fromaji yenyewe ndiyo inamrudisha.