Amri ya Mahakama na Mashimo ya Bulyanhulu

Watu wengi hudhani ya kuwa kuidharau mahakama ni kumtolea hakimu maneno ya utovu wa adabu. Sheria yatazama mbali zaidi: aliyewekewa amri akaipuuza ameidharau mahakama, hata kama ni mpole wa maneno. Hasara ya dharau ya namna hii yaonekana wazi katika habari za Bulyanhulu.

Bulyanhulu iko upande wa Kahama, mkoani Shinyanga, katika ukanda wa dhahabu unaoendelea hadi Geita, ambako mgodi wa zama za Waingereza ulifungwa mwaka 1966. Wachimbaji wadogo walichimba maduara yao kwa mikono, ilhali Kahama Mining Corporation, iliyomilikiwa na Sutton Resources ya Kanada, ilikuwa na leseni ya Serikali juu ya ardhi ile ile.

Mwishoni mwa Julai 1996 Serikali iliwaamuru wachimbaji waondoke. Wao wakakimbilia Mahakama Kuu, Tabora, na tarehe 2 Agosti ikatolewa amri ya kuzuia wasiondolewe. Tarehe 7 Agosti kazi ya kuyafukia mashimo ikaanza.

Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1966 yasema ya kuwa mwenye kuvunja zuio aweza kukamatiwa mali yake, au kufungwa kifungo cha madai kisichozidi miezi 6. Walakini sheria ya mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 yaizuia mahakama isiiwekee Serikali zuio; yairuhusu kutamka tu haki za wenye shauri. Basi mtumishi wa Serikali aweza kujiona yu salama akimtii mkuu wake. Hata hivyo, amri ya mahakama haipimwi kwa mizani ya yule aliyeamriwa. Anayeiona ina kasoro hurudi mahakamani kuomba itenguliwe, na kabla ya hapo huitii.

Baadaye yalizuka madai mazito ya kwamba wachimbaji zaidi ya 50 walifukiwa wakiwa hai. Serikali na kampuni zilikana. Wanasheria wa mazingira wa LEAT walidai uchunguzi huru. Barrick ya Kanada iliinunua Sutton mwaka 1999, mgodi mkubwa ukaanza kazi mwaka 2001, na mwaka 2002 ofisi ya malalamiko ya Kundi la Benki ya Dunia ikasema madai hayo hayakuthibitika. LEAT hawakuridhika.

Hapa ndipo ilipo maana ya zuio. Kazi yake ni kuviacha vitu kama vilivyo mpaka ukweli usikilizwe. Shimo lililo wazi ni shahidi. Aweza mtu kushuka akatazama. Likifukiwa, mshitaki hupoteza ushahidi wake, na mshitakiwa naye hupoteza kile ambacho kingemsafisha. Hata Serikali, kama ilikuwa na haki kamili, ilijinyima njia fupi ya kuionyesha.

Mwaka 2000 Katiba iliongezewa ibara ya 107A, inayoipa Mahakama kauli ya mwisho katika kutoa haki. Ni neno jema. Bali maji yakimwagika hayazoleki. Adhabu ya kudharau mahakama, hata ikiwa kali namna gani, hufika baada ya tendo. Kinga iliyo ya kweli ni yule mtumishi anayesimamisha kazi siku amri inapomfikia.