Wembe Ulipovaa Glavu

Magokoro alinikataza kuwasha kamera. "Mjukuu wangu, kunywa chai kwanza." Na pale karibu na Kebirigo, Nyamira, nani hukataa chai? Nilikuwa nimekuja kutengeneza filamu kuhusu ukeketaji, na kichwani nilishaipanga yote: wembe, damu, kilio. Si ndivyo filamu hizi huwa?

Akanisimulia enzi zao. Alfajiri, baridi, kundi la wasichana mbele ya omosari, kisha kukaa ndani wakilishwa vizuri. Robert na Barbara LeVine, waliofanya utafiti Gusii miaka ya 1950, waliandika habari kama hizo katika kitabu chao Nyansongo. Msichana ambaye hakupitia hayo aliitwa egesagane, na jina hilo lilimfuata kisimani, sokoni, hadi kwa mume.

"Na binti zako?" nikauliza.

"Hao walienda kwa nesi."

Hapo nikajua filamu yangu imepotea njia. Maanake kampeni za afya zilihubiri hatari: kuvuja damu, pepopunda, halafu Ukimwi kupitia wembe mmoja. Abagusii walisikia, tena vizuri. Wakaacha wembe wa kushirikiana, wakatafuta glavu, ganzi na sindano. Sherehe ikazimika, kazi ikafanyika kimyakimya, likizo ya Desemba, mlango umefungwa. Watu waliambiwa wembe ni mchafu, wakautafutia msafi. Kwamba kumkata mtoto ni kosa hata kwa kisu kilichochemshwa, hilo halikuwafikia.

Utafiti wa kitaifa wa 2008-09 ulionyesha kuwa asilimia 96 ya wanawake Abagusii wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamekeketwa. Mwaka 2014 ilikuwa 84, wakati Kenya nzima ilikuwa 21. Inashuka, ndiyo, lakini polepole sana.

Sheria ya 2011 haimbagui nesi na omosari: kifungo kisichopungua miaka 3, au faini isiyopungua shilingi 200,000. Tena inakataza kumtusi mwanamke kwa kuwa hajakeketwa. Yaani neno egesagane laweza kukufikisha kortini. Walioiandika walijua kwamba neno hutangulia wembe.

Beryl Magoko, kutoka kwa jirani zetu Wakuria, alitoa filamu The Cut mwaka 2012. Mwaka 2018, katika In Search, aliigeuza kamera ikamtazama yeye mwenyewe, mwanamke aliyekeketwa. Nilipoikumbuka nikaona aibu. Mimi nilikuwa nimekuja kutafuta damu. Nikiionyesha damu, mzazi atasema tu: kwetu kuna glavu.

Basi nikabadilisha swali. "Magokoro, unakumbuka siku ya kwanza uliyoitwa egesagane?"

Akanyamaza. Akaweka kikombe chini, akajifunga leso upya.

"Sasa washa hiyo kitu yako."