AM Herculis

AM Herculis ni nyota maradufu katika kundinyota la Rakisi, ambalo atlasi za anga huliandika Hercules. Iko umbali wa miaka nuru ipatayo 290. Nyota moja ni kibete cheupe, yaani kiini kilichobaki baada ya nyota kufa: ukubwa wake unakaribia wa Dunia, lakini masi yake inazidi nusu ya ile ya Jua. Ya pili ni kibete chekundu, kidogo na hafifu. Huzungukana kwa saa 3 na dakika 6 tu, na kilomita 700,000 hivi zinazozitenganisha hazifiki mara mbili ya umbali kati ya Dunia na Mwezi.

Sifa kuu ya mfumo huu ni sumaku ya kibete cheupe. Uga wake una nguvu ya gausi milioni 14 hivi, sawa na tesla 1,400. Mashine nyingi za MRI hospitalini hutumia tesla 1.5 au 3, na uga wa Dunia unaogeuza sindano ya dira ni wa nusu gausi hivi. Katika nyota maradufu nyingi za jamii hii, gesi inayovutwa kutoka kwa nyota nyekundu hutandaa na kuwa sahani pana inayokizunguka kibete cheupe. Hapa sahani haipati nafasi ya kuumbika. Sumaku huikamata gesi ingali njiani, huilazimisha kufuata mistari ya uga, nayo huporomoka hadi kwenye ncha ya sumaku kwa kasi inayozidi kilomita 3,000 kwa sekunde. Karibu na uso wa kibete mwendo huo huzuiwa ghafla, na joto la gesi hufika mamia ya mamilioni ya digrii. Hapo ndipo zinapotoka eksirei kali. Uso wenyewe, ukishapashwa moto, hutoa eksirei laini. Elektroni zinazozunguka mistari ya uga nazo hutoa mwanga uliopolarishwa, ambao mawimbi yake hutikisika kwa mpangilio maalumu badala ya kila upande.

Sumaku hiyo imefunga hata mzunguko wa nyota zenyewe. Kibete cheupe hujizungusha kwa muda uleule wa saa 3 na dakika 6, kwa hiyo humwelekezea mwenzake upande mmoja daima.

Mwanaastronomia Max Wolf wa Heidelberg, Ujerumani, aliitambua kuwa nyota badilifu mwaka 1923, na kwa miaka hamsini haikuvuta macho ya wengi. Ufunguo ulitoka pwani ya Kenya. Tarehe 12 Desemba 1970, siku ya maadhimisho ya uhuru wa Kenya, setilaiti ya kwanza iliyotengenezwa mahsusi kwa uchunguzi wa eksirei za angani ilirushwa kutoka jukwaa la Waitalia la San Marco, baharini karibu na Malindi, ikaitwa Uhuru. Kwa kuwa angahewa huzuia eksirei, chombo cha namna hiyo kilikuwa cha lazima. Orodha yake ya tatu ilikuwa na chanzo kilichoandikwa 3U 1809+50. Mwaka 1976 mwanaastronomia Santiago Tapia alipima mwanga wa AM Herculis na kukuta umepolarishwa kwa kiwango kisichowahi kuonekana katika nyota maradufu ya aina hiyo, na ikathibitika kwamba chanzo kile cha eksirei ndicho nyota hii. Mchango huo wa Malindi unastahili kutajwa kila AM Herculis inapoelezwa.

Mng'ao wake hubadilika kati ya daraja la 12 na la 15, hivyo darubini ni lazima. Ikififia, yaweza kubaki hivyo wiki au miezi, kwa kuwa gesi inayomiminika imepungua; huenda madoa baridi ya nyota nyekundu ndiyo yanayoziba mkondo. Mombasa huiona kaskazini, yapata saa tatu usiku katikati ya Agosti.

Nyota za namna hii sasa huitwa pola. AR Ursae Majoris inaipita AM Herculis kwa mbali, ikiwa na gausi milioni 230 hivi. V1500 Cygni, iliyolipuka kama nova mwaka 1975, inaonyesha kwamba kufuli la sumaku laweza kuvunjika: baada ya mlipuko ule kibete chake cheupe kilijizungusha haraka kidogo kuliko mzunguko wa pamoja, na sumaku ikawa inaupunguza mwendo wake.