Kabla bibi hajasaini: historia fupi ya rehani Bongo

Wadau, nimekuwa kimya wiki mbili hizi. Ofisi ilinituma mikoani, na niliporudi Dar nikakuta jambo la kifamilia linanisubiri Chang'ombe. Nimeona nisibaki nalo kifuani, kwa sababu najua wengi wenu mko kwenye umri huu huu: kazi ipo, mshahara upo, na kila ukikaa na washikaji mazungumzo yanaishia kwenye kiwanja na nyumba.

Jumapili ile tulikuwa kwa bibi, kwenye nyumba aliyoijenga babu, umbali wa kutembea kwa miguu kutoka Uwanja wa Uhuru. Kaka yangu akaingia na bahasha. Ana kiwanja Chamazi, ila hakijapata hati. Benki moja imekubali kumkopesha shilingi milioni 60 ajenge, miaka 20, riba asilimia 17 kwa mwaka, mradi dhamana iwe nyumba ya bibi, ambayo hati yake ipo na imeshahamishiwa jina la bibi tangu babu afariki. Rejesho ni kama shilingi 880,000 kwa mwezi. Kaka na mkewe wamepiga hesabu ya mishahara yao, wanaona wanaweza.

Bibi akavua miwani, akamtazama. "Sawa mume wangu, nimesikia laki nane na themanini. Sasa mpaka umalize, utakuwa umelipa ngapi?"

Kaka akapekua karatasi. Kimya. Mkewe naye kimya. Mimi mwandishi wa habari, niliyekaa chuo miaka mitatu, nikatoa simu nianze kuzidisha. Mara 240. Nikapata zaidi ya milioni 211. Nikarudia nikidhani nimekosea sifuri.

Milioni 60 unazopewa, milioni 211 unazorudisha. Riba peke yake inazidi milioni 150. Nyumba moja unaishi, nyingine mbili na nusu unamjengea aliyekukopesha.

Usiku sikulala vizuri, nikakaa kuchambua mwezi kwa mwezi. Mwezi wa kwanza, katika ile 880,000, shilingi 850,000 ni riba. Deni lenyewe linapungua kwa shilingi 30,000 tu. Baada ya miaka mitano kaka atakuwa amelipa karibu milioni 53, na ukiuliza salio utaambiwa milioni 57. Yaani miaka mitano ya jasho imepunguza deni kwa chini ya milioni tatu. Ni mpaka karibu mwaka wa 16 ndipo nusu ya kila rejesho itaanza kwenda kwenye deni lenyewe. Kaka sasa hivi ana miaka 32. Fanya hesabu atakuwa na umri gani.

Sikatai, hakuna aliyemdanganya. Kila kitu kiko kwenye barua ile: kiasi, riba, muda, rejesho. Kilichokosekana ni jumla. Hapo ndipo nikaanza kujiuliza, hii habari ya kukopea nyumba ilianzia wapi kwetu, na wazee wetu waliilipiaje?

Neno lenyewe rehani ni la Kiarabu, na pwani yetu limezeeka. Nenda Zanzibar ya karne ya 19, enzi za karafuu. Wenye mashamba walihitaji fedha za kupalilia, za kuvuna, na za harusi pia, na waliokuwa na fedha ni wafanyabiashara wa Kihindi. Tatizo ni kwamba Uislamu umeharamisha riba. Ikatumika njia iliyoitwa bei khiyari. Mwenye shamba "anamuuzia" mkopeshaji shamba lake, akiwa na haki ya kulinunua tena kwa bei ile ile kabla ya muda waliokubaliana. Wakati huo haondoki shambani, anabaki kama mpangaji na analipa kodi. Ukiangalia kwa makini, kodi ile ndiyo riba iliyobadilishwa jina. Bei ya karafuu ikipanda, mambo safi. Ikianguka, kodi inaendelea, muda unakwisha, na shamba limeshauzwa tangu siku ya kwanza. Madeni yalikuwa mazito kiasi kwamba mwaka 1934 serikali ya Waingereza Zanzibar ilitunga sheria kuzuia mashamba ya Waarabu na Waafrika yasiendelee kuhamia kwa wakopeshaji.

Kwa hiyo mambo ya kujua rejesho na kutojua jumla hayakuanza na kaka.

Huku bara ilikuwa kinyume chake. Mwafrika wa Tanganyika hakuonewa na rehani kwa sababu hakupewa nafasi ya kuikaribia. Mwaka 1923 wakoloni walipitisha sheria ya kuzuia mikopo kwa wenyeji: deni alilopewa Mwafrika bila kibali cha serikali halikuweza kudaiwa mahakamani. Walisema wanamlinda asifilisike. Inawezekana. Lakini nani atamkopesha mtu asiyeweza kumdai? Matokeo yake mnayaona mpaka leo ukipita Temeke, Keko, Ilala au Magomeni. Zile nyumba za Kiswahili za vyumba sita na korido katikati hazikutokana na tamaduni peke yake. Zilikuwa benki. Unajenga chumba unachoweza, unapangisha kimoja, kodi inanunua mabati ya kingine. Katika miaka ya 1950 serikali ilianzisha mpango wa mikopo ya nyumba kwa Waafrika wa mijini, lakini wengi waliendelea na mtindo wao wa kujenga kidogo kidogo.

Uhuru ulipokuja, Shirika la Nyumba la Taifa likaundwa mwaka 1962. Mwaka 1971 serikali ikataifisha majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, na baada ya hapo ni mtu gani mwenye fedha angekuwa na hamu ya kuzika mtaji kwenye nyumba za kupangisha? Pengo lile likajazwa na Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1972. Wazee wanaijua kama THB. Ndiyo iliyotoa mikopo hata kwa waliopewa viwanja kwenye miradi iliyofadhiliwa na Benki ya Dunia miaka ya 1970, kama Sinza na Kijitonyama.

Na hapa ndipo babu yangu anapoingia. Alikuwa fundi kiwandani, barabara ya Pugu, ambayo leo ni Nyerere. Mwaka 1978 alipata mkopo wa THB, akamalizia nyumba hii tuliyokaa Jumapili ile. Nikamuuliza bibi babu alilipaje. Akacheka mpaka akakohoa. "Mwanzo tulikuwa tunalala na uji. Halafu kadiri miaka inavyokwenda, lile rejesho likawa haliwezi kununua hata kitoweo cha wiki. Babu yako alikuwa anakwenda kulipa huku anacheka."

Bibi anadhani babu alikuwa mjanja. Mimi nadhani babu alikuwa na bahati, na bahati yenyewe inaitwa mfumuko wa bei. Katika miaka ya 1980, baada ya vita vya Kagera na uchumi kuyumba, bei za vitu hapa nchini zilikuwa zinapanda kwa karibu asilimia 30 kwa mwaka. Riba ya mkopo wa babu ilikuwa chini sana ya hapo. Maana yake, kila mwaka shilingi aliyorudisha ilikuwa nyepesi kuliko ile aliyokopa. Kwa hesabu za kweli, benki ndiyo iliyokuwa inamlipa babu akae kwenye nyumba.

Safi sana kwa babu. Lakini wadau, gharama haipotei hewani. Kama mkopaji hakuilipa, yupo aliyeilipa. Aliilipa mtu aliyeweka akiba yake kwenye benki kama ile, akaja kuitoa inanunua robo ya alichotegemea. Aliilipa serikali, yaani sisi. Ongeza wakopaji waliogoma kabisa kurejesha, na utaelewa kwa nini THB ilifungwa mwaka 1995. Baada ya hapo, kwa zaidi ya miaka kumi, mtu wa kawaida wa Dar alikuwa hana pa kwenda kukopea nyumba. Kizazi cha wazazi wetu kikarudi kule kule: tofali mia mbili mwezi huu, mifuko mitano ya saruji mwezi ujao.

Rehani ikarudi taratibu. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 ilifanyiwa marekebisho mwaka 2004 ili benki ziwe na uhakika wa dhamana. Mwaka 2008 ikatungwa sheria maalumu ya mikopo ya nyumba, pamoja na ile inayoruhusu mtu kumiliki sehemu ya jengo, yaani fleti. Mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kukopesha kwa muda mrefu. Hata hivyo, mikopo yote ya nyumba nchini haijafika hata asilimia 1 ya pato la taifa, na riba zimekuwa zikizunguka kati ya asilimia 15 na 19.

Kwa nini ghali hivyo? Jibu moja liko serikalini. Hatifungani ya serikali ya miaka 20 iliwahi kulipa asilimia 15.49 kwa mwaka. Kama wewe ni benki, na unaweza kuikopesha serikali kwa riba hiyo ukaenda kulala, utamkopesha kaka yangu wa Chamazi kwa ngapi?

Sasa linganisha na babu. Kwa miaka kadhaa mfumuko wa bei nchini umekuwa kati ya asilimia 3 na 5. Ni jambo jema, sukari haipandi kila wiki. Lakini kwa mkopaji maana yake ni kwamba riba ya asilimia 17 inamuuma karibu yote. Hakuna wa kumbebea. Kaka anamwona babu kama mfano, kumbe babu alicheza mechi nyingine kabisa, kwenye uwanja mwingine.

Nikarudi Chang'ombe katikati ya wiki na daftari. Nikawaeleza hivi.

Kwanza, muda ndio unaokula hela. Milioni 60 zile zile kwa riba ile ile, ukilipa kwa miaka 10, rejesho ni kama 1,043,000 na jumla ni milioni 125. Tofauti ya rejesho ni kama 163,000 kwa mwezi. Tofauti ya jumla ni milioni 86. Hata kama mkataba ni wa miaka 20, ukiweza kulipa milioni moja kila mwezi badala ya 880,000, deni linakwisha kwa miaka 11 na miezi mitatu hivi. Lakini uliza kwanza kama mkataba unaruhusu kulipa zaidi bila kutozwa faini, na kama hiyo ziada inakwenda kupunguza deni lenyewe.

Pili, soma kama riba inaweza kubadilika. Ikipanda kutoka 17 hadi 19 tangu mwanzo, rejesho linafika 972,000.

Tatu, riba siyo gharama yote. Kuna ada ya mkopo, tathmini, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji.

Nne, sheria ina ulinzi, ila ujue mipaka yake. Ukishindwa kulipa unapewa notisi ya siku 60, na nyumba haitakiwi kuuzwa kwa bei ya kutupa. Nyumba ya wanandoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Lakini siku 60 ni miezi miwili tu, na atakayehamishwa hapa siyo kaka. Ni bibi.

Kaka akanijibu, na alikuwa na haki. "Dogo, unajua mimi nalipa kodi ya nyumba kila mwezi? Hiyo hela inarudi? Nikijenga kidogo kidogo miaka 15, nondo zinashika kutu, saruji inapanda, na bado napanga. Hiyo nayo mbona hukuipigia hesabu?"

Kweli sikuipigia. Kujenga kidogo kidogo nako kuna riba yake, ila hakuna anayekuandikia barua. Unailipa kwa kodi, kwa tofali zilizoibwa, kwa watoto kukulia vyumba viwili. Tukakaa naye mpaka saa nne usiku tukaandika safu mbili kwenye daftari. Mwisho akasema ataulizia milioni 25 kwa miaka saba, aanze na vyumba viwili na choo, na afuatilie hati ya Chamazi ili dhamana iwe kiwanja chake mwenyewe.

Bibi alikuwa anasikiliza akichambua mchele. Akasema neno moja tu: "Mkipata jumla, mniletee." Mpaka naandika haya, hati ya nyumba bado iko kwenye sanduku lake, chini ya khanga.

Nanyi wadau mliokopa tayari, au mnaofikiria, jaribuni swali la bibi. Zidisha rejesho lako mara miezi uliyobakiza. Halafu tuambiane.