Vugha na Mazinde

Wazee wa Usambara wakiulizwa kwa nini ufalme wa Wakilindi ulivunjika, wengi hujibu kwa neno moja: wana wa Kimweri waligombana. Jibu hili si la uongo. Kimweri ye Nyumbai alikufa mwaka 1862, na mwaka 1868 mji wake wa Vugha ukateketezwa kwa moto, na aliyeuteketeza ni mwanawe mwenyewe, Semboja. Walakini sisi tunaofundisha watoto habari za zamani hatutosheki na jibu hili. Ndugu wa nyumba za kifalme hugombana katika kila nchi na kila kizazi, na nchi haivunjiki kila mara. Mbona safari hii ilivunjika, tena kwa miaka sita tu, nayo ilikuwa imesimama zaidi ya miaka mia? Ni neno gani lililokuwa limegeuka?

Kwanza na tuangalie nchi yenyewe. Washambaa tangu zamani huigawa dunia mafungu mawili: Shambaai, yaani milima yenye mvua na migomba na baridi, na nyika, yaani uwanda wa chini wenye jua kali na homa. Mshambaa alijenga juu, akaitazama nyika kwa mashaka, kwa kuwa huko walipita Wamasai wakitafuta ng'ombe. Mwanzo wa ufalme nao umesimuliwa kwa mambo haya haya mawili. Mbegha, baba wa Wakilindi, alitoka Ungulu, akiwa mtu aliyenyimwa urithi kwa sababu alizaliwa kigego, meno yake ya juu yakatangulia kuota. (Wangapi katika nchi zetu waliangamizwa kwa sababu hiyo hiyo, na huyu akawa baba wa wafalme!) Alikuwa mwindaji wa nguruwe. Alipopanda milimani aliwapa wenyeji nyama, nao wakampa chakula cha mashamba. Akaua simba, wakamtawaza Vugha. Kama kila jambo la hadithi hii lilitukia hivyo au sivyo, hatuna haja ya kushindana. Hadithi yatuonyesha jinsi watu walivyofikiri juu ya mfalme: yeye huleta kitu, nao humpa kitu.

Katika siku za Kimweri mapatano hayo yalikuwa yamekua na kuwa utawala mkubwa. Mmisionari Krapf alifika kwake mwaka 1848, akarudi tena mwaka 1852. Burton na Speke wakafika mwaka 1857, wakamkuta mfalme mzee sana. Enzi yake ilianza milimani, ikashuka Bonde, ikafika pwani, hata wakubwa wa miji ya pwani walitaka kibali chake pamoja na kibali cha Unguja. Wanawe aliwaweka wawe wakuu wa nchi mbalimbali chini yake. Na mali yake ilitoka wapi? Ilitoka katika mashamba na mazizi. Watu walimpelekea mbuzi, ng'ombe na vyakula, wakamjengea nyumba, wakamlimia. Mali hiyo nayo haikukaa. Ililiwa na wake zake wengi, na wageni, na watu wa baraza, na wenye njaa waliokimbilia Vugha.

Hapa ndipo penye jambo tunalotaka wasomaji walishike. Mfalme anayekula ndizi za watu wake hana budi kutaka watu wake wawe na ndizi. Kijiji kikiteketea, kodi yake imeteketea. Mkulima akihama, mfalme amepungukiwa. Washambaa walikuwa na maneno mawili juu ya kazi ya mfalme: kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Waliamini kuwa mvua ni ya mfalme. Mkuu mmoja mwenye nguvu kuliko wote akitulia mahali pake, mvua hunyesha. Na wakuu wawili wakishindana, nguvu kwa nguvu, nchi hukauka. Sisi Wakristo twajua ni nani aletaye mvua, wala hatuwezi kumpa mwanadamu kazi hiyo. Lakini mtu asiicheke imani ile upesi. Kwa kuwa waliamini hivyo, watu walijua nani wa kulaumiwa mwaka wa njaa, na mfalme mwenyewe alijua kuwa yuko mtu wa kumlaumu. Hii ilikuwa hatamu kinywani mwake.

Wala hatusemi kuwa zama zile zilikuwa njema tu. Walikuwako watumwa wa mfalme. Aliyehukumiwa kwa kosa kubwa, pengine yeye na jamaa zake, aliweza kuwa mali ya mfalme. Na aliyekimbilia Vugha kuokoa roho yake alibaki huko akiwa mtu wa mfalme. Lakini mtu huyo alikaa katika nchi, akala chakula cha nchi, na wanawe wakazaliwa humo. Bado hakuwa bidhaa ya kuvushwa bahari.

Sasa tuondoke milimani kidogo tuitazame pwani, maana ndiko ulikotoka mgeuko. Seyyid Said alipoufanya Unguja makao yake, mikarafuu ilipandwa kwa wingi Unguja na Pemba, na mikarafuu yataka mikono ya kuichuma. Wakati huo huo pembe za ndovu zilitafutwa sana Ulaya, Marekani na Bara Hindi. Basi misafara ikaanza kupanda toka Pangani, ikiufuata mto na uwanda ulio chini ya milima ya Usambara na Upare, kwenda Kilimanjaro na mbele yake. Ilipanda na nguo za merikani, shanga, nyaya, bunduki na baruti. Ilishuka na pembe na watu. Nyika ile iliyodharauliwa ikawa njia ya mali.

Wa kwanza kufaidi bunduki hawakuwa Wakilindi. Wazigua, walio ng'ambo ya mto wa Pangani na karibu na pwani, walizipata mapema, wakawasumbua watu wa Kimweri huko uwandani, na mzee hakuweza kuwazuia. Dalili ilikuwa wazi tangu hapo, lakini kwa mtu aliyekaa Vugha, akipokea mbuzi zake kama baba yake alivyopokea, dalili ya namna hii ni shida kuitambua. Ilikuwa mbali, tena ilikuwa chini.

Mwanawe Semboja aliitambua. Yeye alipewa Mazinde, penye uwanda, chini ya milima upande wa magharibi. Napo palikuwa juu ya njia ya misafara. Zamani mkuu aliyepelekwa mahali pa namna hiyo angeweza kudhani ametupwa. Semboja alipata huko ambacho ndugu zake wa milimani hawakukipata: wafanya biashara waliotaka chakula, ruhusa na ulinzi, na waliolipa kwa bunduki na nguo. Alikaribisha watu wa pwani, akashika desturi zao nyingi. Mmoja wao, Abdallah bin Hemedi l'Ajjemy, alikaa naye, na baadaye akaandika kitabu cha Habari za Wakilindi kilichopigwa chapa Magila. Bila yeye tungekuwa na machache sana ya kusema juu ya mambo haya.

Kimweri alipokufa, ufalme ulimpata mjukuu wake, Shekulwavu, kwa kuwa baba yake aliyestahili kurithi alikuwa amekwisha kufa. Hapo kulikuwa na tatizo la nyumbani ambalo wazee hawakosei kulitaja. Kimweri alitawala muda mrefu mno, hata nchi zote zikawa mikononi mwa wanawe. Sasa kijana alitakiwa kuwaamuru baba zake wadogo na wakubwa. Ugomvi usingekosa kuwako. Lakini katika siku za zamani ugomvi ungemalizwa na wale waliokuwa na watu wengi na vyakula vingi, yaani na milima. Safari hii ulimalizwa na bunduki, na bunduki zilikuwa Mazinde. Semboja alipanda akisaidiwa na Wataita, Vugha ikaungua, Shekulwavu akakimbia upande wa mashariki, naye akafa baada ya muda si mrefu.

Mshindi amekwisha kuuteka mji wa baba yake. Je, aliingia akaketi katika kiti? Hakuketi. Alimweka Vugha mwanawe, kijana Kimweri Maguvu, kisha yeye mwenyewe akarudi Mazinde. Sisi twaona kuwa tendo hili moja latufundisha zaidi kuliko vita vyote. Kiti cha mvua na dawa za nchi na heshima ya mababu aliweza kumwachia mtoto. Njia ya bunduki hakuweza kumwachia mtu. Tangu siku ile Vugha ilibaki na jina na Mazinde ikawa na nguvu.

Na watu je? Hili ndilo lenye uchungu, wala halifai kupitwa haraka. Mkuu aliyetaka kupigana alihitaji baruti. Baruti haikununuliwa kwa mkungu wa ndizi, kwa kuwa ndizi haifiki Pangani ila imeoza. Ilinunuliwa kwa pembe, na ndovu hawakuwa wengi milele. La sivyo, ilinunuliwa kwa mtu. Basi yale mapatano ya mfalme na mkulima yalipinduliwa chini juu. Kijiji kilichoteketea hakikuwa tena hasara ya mkuu, kilikuwa mapato yake, kwa sababu waliokimbia motoni walikamatwa wakauzwa. Hukumu za barazani nazo zikaharibika. Kosa lililotozwa mbuzi likaweza sasa kumpeleka mtu na watoto wake pwani. Watu wa milimani na wa Bonde walitekwa, wengine na wakuu wao wenyewe waliopaswa kuwalinda. Wanaosoma katika kitabu cha kwanza cha Samweli jinsi nabii alivyowaonya Israeli juu ya mfalme atakayetwaa wana wao na mashamba yao, hawana haja ya kueleza sana darasani. Watoto wa Usambara waliweza kuhadithiwa hayo na babu zao.

Hata mapatano ya mwaka 1873, ambayo Seyyid Barghash aliufunga mnada wa watumwa wa Unguja na kukataza kuwavusha kwa bahari, hayakuleta raha upesi huku kwetu. Pangani ilikuwa na mashamba ya miwa yaliyotaka watumwa papo hapo bara, na Pemba si mbali na pwani yetu kwa chombo kidogo cha usiku.

Mara nyingine historia husimuliwa kana kwamba wadogo hukaa kimya tu wakingoja wakubwa wamalize. Wabondei hawakukaa kimya. Katika vurugu ile walisimama wakawaua na kuwafukuza Wakilindi waliokuwa wakiwatawala, na jambo hilo likaitwa Kiva. Ulikuwa ukali mkubwa, damu nyingi ilimwagika, wala hatuwezi kuusifu. Lakini hatuwezi pia kuuita wazimu. Watu walikataa kumlisha mkuu aliyekwisha kuacha kuwalinda. Baada ya Kiva nchi ya Bonde haikuwa na mfalme mmoja wa kuikusanya, na ndivyo ilivyokuwa katika miaka ile Magila ilipokuwa ikikua. Kituo hicho kilianzwa na padre Alington mwaka 1868, mwaka ule ule wa moto wa Vugha. Wengi waliojenga karibu na kanisa hawakutafuta mafundisho kwanza. Walitafuta mahali ambapo mtu hauzwi.

Yaliyofuata yajulikana zaidi, nasi twayapita upesi. Wadachi walikuja, Semboja akafa mwaka 1895, na mwaka ule ule mwanawe Mputa akanyongwa nao, wakamweka Vugha Kinyashi wa uzao wa Shekulwavu. Wengine walidhani ufalme wa kweli umerudi milimani. Lakini Wadachi hawakuhitaji mvua ya Kinyashi, walihitaji wafanya kazi. Mnamo mwaka 1907 katika wilaya ya Wilhelmstal, ambayo leo ni Lushoto, kila mwanamume alipewa kipande kilichomlazimisha kumfanyia kazi Mzungu siku 30 katika kila miezi minne. Mkuu naye akawa mtu wa kukusanya kodi na kutoa watu, na mshahara wake ukatoka juu wala si chini. Kinyashi aliacha utawala baada ya miaka michache. Hata serikali ya Tanganyika huru ilipoondoa mamlaka ya machifu mwaka 1963, kazi yao ile ya kwanza, ya kupokea kwa mkulima na kumrudishia, ilikuwa imekwisha kitambo.

Reli yenyewe, Wadachi walipoijenga toka Tanga, haikupanda kutafuta Vugha. Ilifika Korogwe mwaka 1902 na Mombo mwaka 1905, kisha ikaendelea chini ya milima kupita Mazinde, katika uwanda ule ule wa misafara ya pembe, hata Moshi. Barabara kuu nayo yapita huko. Na watu wa Shambaai, ambao babu zao waliiogopa nyika, hushuka leo toka Lushoto hadi Mombo na mizigo ya kabichi, karoti na matunda, wakipanga bei kando ya barabara na wenye magari waendao Dar es Salaam.