Zuio la Muda na Mlango wa Rufaa
Zuio la muda, yaani amri inayokataza mali inayogombewa isiuzwe wala kubomolewa hadi kesi iamuliwe, liliwekewa vigezo mashuhuri nchini Tanzania katika shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969: kuwepo suala zito la kuamuliwa, hasara isiyofidika, na mwombaji kuumia zaidi akinyimwa. Sheria Na. 25 ya mwaka 2002 ikafunga njia ya rufaa na marejeo, yaani ukaguzi wa mwenendo wa mahakama ya chini, dhidi ya amri ndogo za Mahakama Kuu zisizomaliza shauri, kama ile ya kukataa zuio la muda. Kupunguza ucheleweshaji ni jambo jema. Lakini mwenye nyumba aliyenyimwa zuio, ilhali dalali ameshatangaza mnada, huenda akashinda kesi nyumba ikiwa imeshauzwa, na pengo hilo watunga sheria wanapaswa kuliziba.